Unga kwenye Sakafu ya Maktaba

Juzi niliingia katika ofisi moja hapa Mwanjelwa kufuatilia leseni ya duka langu, nikamkuta binti amepiga magoti anasugua sakafu kwa ile polishi nyekundu ya kopo. Siku hizi kila mahali ni vigae, nilidhani polishi ile imeshasahauliwa. Harufu yake, nta iliyochanganyika na mafuta ya taa, ilinipokea mlangoni na miguu yangu ikagoma kuingia. Binti alidhani naogopa kumchafulia. "Pita tu mama, imeshakauka," akaniambia. Nikapita, lakini kwa kuambaa ukuta, mtu mzima na akili zangu, mwenye watoto wa sekondari.

Mimi ni mtu wa wasiwasi. Mume wangu husema nikikosa cha kuhofia, huanza kuhofia kwa nini sina cha kuhofia. Ananitania, nami hucheka naye, lakini sijawahi kumweleza vizuri ugonjwa huo ulianzia wapi. Ulianzia Iringa, katika jengo alilofanyia kazi mama yangu, mwaka ule ambao niliamini kwamba mama atanitoa kafara.

Mama alikuwa mhudumu wa maktaba. Maktaba yenyewe ilikuwa ndani ya jengo la Mjerumani. Nusu ya mbele ilikuwa ya mawe, kuta nene kiasi kwamba mtoto aliweza kukaa dirishani na kukunja miguu. Nusu ya nyuma ilikuwa ya matofali ya kuchoma. Ukiingia ndani uliona sakafuni mahali mawe yalipoishia na matofali yalipoanzia: palikuwa na mstari, na ng'ambo ya mstari saruji ilikuwa na wekundu mwingine, hata uipake polishi mara ngapi. Pale nyuma palikuwa na baridi zaidi. Wasomaji wengi walikaa mbele, karibu na jua la dirishani.

Historia ya jengo lile ilitegemea umemuuliza nani. Mama alikuwa nayo fupi: Mjerumani alilijenga apate pa kukaa, Mwingereza akaligeuza zahanati, baadaye akaongeza chumba cha nyuma likawa mahakama, na baada ya Uhuru vikaletwa vitabu. Akishasema hayo alirudi kwenye kazi yake. Mzee Salumu, aliyekuwa na duka la vitenge ng'ambo ya barabara na aliyekuja kila siku baada ya sala ya adhuhuri kusoma gazeti, alikuwa na historia tamu zaidi, na mimi ndiye niliyekuwa msikilizaji wake.

"Mjerumani alikimbia vita mikono mitupu, mwanangu," alininong'oneza siku moja. "Mali yake yote ipo chini. Wewe unadhani kuta zote hizi alijenga kwa kuogopa baridi?"

"Sasa mbona watu hawachimbi?"

"Ina mwenyewe. Ukiigusa kabla hujamridhisha mwenyewe, hulali ukaamka."

Kisha akafungua ukurasa wa michezo, kana kwamba amenieleza bei ya kanga. Mimi nilibaki nikiangalia sakafu. Kwenye ukuta palikuwa na kibao kikubwa kilichoandikwa KIMYA TAFADHALI, na tangu siku hiyo nikajua ni kwa nini. Haikuniingia akilini kwamba watu wanahitaji kimya ili wasome, kwa sababu shuleni kwetu tulisoma kwa kupiga kelele wote pamoja. Kimya kile, kwa hesabu yangu, kilikuwa kwa ajili ya yule aliyelala chini.

Nikaanza kumchunguza mama. Kila asubuhi kabla ya kufungua madirisha alikwenda mpaka kwenye ule mstari wa sakafu, akainama kidogo na kukunja goti, kama wanawake wa kwetu wanavyofanya wakimwamkia mkubwa, akasema, "Kamwene." Alisema kwa sauti ya kawaida kabisa, sauti ya mtu anayeingia kwenye nyumba ya watu. Halafu alipiga magoti, akachota polishi kwa kitambaa, akaanza kusugua. Alisugua chumba kizima, lakini pale ng'ambo ya mstari alisugua taratibu kuliko kwingine. Niliona mtu anayeabudu. Leo najua kwamba nusu ya nilichokiona ilikuwa ni usafi tu.

Mambo yaliharibika karibu na mvua za kwanza. Mijakaranda ilikuwa imemwaga maua njia nzima ya kutoka kwetu Kihesa. Siku hiyo niliamka nikakuta mama ameshaondoka, uji umefunikwa kwa sahani. Hakuwahi kuniacha hivyo. Baba alikuwa Makongolosi akitafuta dhahabu ambayo hadi leo hatujaiona, kwa hiyo mama akiondoka nyumba ilibaki na mimi na kuku. Sikuugusa uji. Nilivaa sare, nikashuka mbio hadi mjini.

Mlango wa maktaba ulikuwa umerudishwa tu. Niliusukuma, nikakutana na harufu mbili ambazo hazikuwahi kukaa pamoja: polishi, na ugimbi, ile pombe ya ulezi ya vilabuni. Bibi mmoja mwembamba alikuwa amekaa sakafuni ng'ambo ya mstari, amenyoosha miguu, kibuyu kando yake. Mbele yake palikuwa na duara la unga, na katikati ya duara sakafu ilikuwa imelowa. Mama alikuwa amesimama mlangoni mwa chumba cha nyuma na funguo mkononi. Aliponiona alishtuka, lakini bibi hakushtuka. Aliniangalia kuanzia kichwani hadi miguuni, bila haraka.

"Ndo huyu tu amebaki?" akamwuliza mama.

"Ndo huyu tu, bibi. Wenzie wote walikwenda."

"Pole. Basi mwakani uje naye. Mimi sina tena mtoto wa kumleta hapa."

Mama alizungusha funguo mkononi. Kisha akasema, "Nitamleta."

Bibi alipoondoka, mama alichukua ufagio, akafagia unga, akapangusa pale palipolowa, akapaka polishi juu yake. Alipomaliza aliniinamia, akanishika mabega. "Mage, ulichokiona hapa kibaki hapa. Wazee wa kanisa wakisikia watanitenga. Umenisikia?"

Kwetu Walutheri kutengwa hakukuwa mzaha. Jina lako linasomwa kwenye matangazo ya Jumapili mbele ya usharika wote, na hukaribii tena meza ya Bwana mpaka utubu hadharani. Mama alikuwa mwanakwaya, tena mwenye sauti ya kutegemewa. Nikaapa kwamba sitasema. Sikumwuliza swali hata moja. Watoto wangu wa leo nikiwasimulia hushangaa, wanasema si ungeuliza tu. Hawajui malezi yetu. Mtoto aliyeuliza mambo ya wakubwa alijibiwa kwa jicho, na jicho la mama lilitosha.

Krismasi baba akaja, na mzigo wa hadithi badala ya mzigo wa maana. Baada ya kula alikaa na jirani yetu barazani, mimi nikiwa naosha vyombo nyuma yao.

"Dhahabu haitoki bure, ndugu yangu," alisema. "Kule kuna jamaa amepata sana, lakini ukiuliza watoto wake wako wapi, hana. Kamaliza wote. Ile kitu inataka damu yako mwenyewe."

"Acha bwana!"

"Nakwambia. Inaanza na wakubwa, inakuja mpaka wa mwisho."

Sahani ilinitoka mkononi. Baba aligeuka akanigombeza, nami nikaokota vipande huku nikiunganisha mambo mengine kichwani. Mali ya Mjerumani ina mwenyewe. Mwenyewe anaamkiwa kila asubuhi, analishwa unga na pombe, hapigiwi kelele. Wenzangu wote walikwenda. Mimi tu nimebaki. Mwakani uje naye. Hakukuwa na mwanya hata mmoja wa kupitisha matumaini, na mimi nilikuwa mtoto hodari wa kuunganisha.

Cha ajabu, sikumchukia mama. Watu hudhani mtoto akiogopa namna hiyo humkimbia mzazi. Mimi nilimng'ang'ania zaidi. Nilimwonea huruma kwa kuwa baba haleti kitu, na kwa kuwa alikuwa na viatu jozi moja vya kazini na kanisani. Usiku nilimsikiliza anavyopumua, nikawaza kwamba mtu huyu ananipenda na bado ameahidi. Hilo ndilo lililonitesa. Angekuwa mkatili ningepata pa kushika.

Basi nikatafuta njia ya kujiokoa bila kumsaliti. Mwalimu wetu wa shule ya Jumapili alitufundisha kwamba zamani mnyama wa sadaka alipaswa kuwa mzima, asiye na kilema wala doa. Mwenye kasoro alirudishwa zizini. Nikalishika neno hilo. Nilichukua kipande cha kigae cha paa, nikaenda nyuma ya choo, nikajikwaruza mguuni hadi damu ikatoka. Kilema changu cha kwanza. Jioni mama alipokiona kidonda alikiosha kwa maji ya chumvi na kukifunga, na kila asubuhi alikikagua. "Kitapona vizuri, hakitaacha alama," alinifariji. Nililia, akadhani ni maumivu. Nikakikwangua tena. Akakitibu tena.

Nikaacha kula pia, kwa hoja kwamba hakuna anayepokea sadaka iliyokonda. Mama akaingiwa na hofu yake. Alianza kuninunulia maziwa kwa jirani, akanipikia viazi vya maziwa, akanichomea mahindi, akanisimamia mpaka nimalize. Kadiri nilivyokonda ndivyo alivyonilisha, na kadiri alivyonilisha ndivyo nilivyozidi kuogopa. Sisi wawili tulihangaika hivyo nyumba moja, sahani moja, kila mmoja akimwogopea mwenzie kwa sababu ambayo mwingine hakuijua.

Kipupwe kikapita na upepo wake. Vumbi likaja. Halafu asubuhi moja nikaona ua la kwanza la mjakaranda njiani, nikajua mwaka umetimia. Nilianza kuhesabu mawingu. Mvua ilikuwa kitu ambacho watu wote wa Iringa walikiombea, na mimi peke yangu nikawa naomba kinyume, nikiwa nimejifunika blanketi ili Mungu asiichanganye sala yangu na za wengine.

Mama aliniamsha kukiwa bado hakujapambazuka vizuri. Maji ya moto yalikuwa tayari kwenye beseni. Aliniogesha mwenyewe, jambo ambalo alikuwa ameshaliacha, akanipaka mafuta, akanichana, akanivalisha gauni langu na viatu vyangu vya Jumapili, ingawa ilikuwa siku ya kazi. Nikajua ndiyo leo. Tuliteremka kutoka Kihesa tukiwa tumeshikana mikono, maua ya mijakaranda yakiteleza chini ya miguu yetu. Njiani nilitafuta maneno, nikapata mawili tu.

"Mama, itauma?"

Akasimama. "Nini? Viatu vimekubana?"

Nikasema ndiyo. Akachuchumaa barabarani, akanifungua vikanda, akanivua, akavibeba yeye. "Mbona hukusema mapema, mama'angu? Tungevaa vile vya shule." Nikatembea peku mpaka maktaba. Niliona uso wake ulivyokuwa na wema wakati ananivua, na bado sikuelewa.

Bibi alikuwa ameshafika, amekaa kwenye ngazi na kibuyu chake. Mwaka ule ulikuwa umemzeesha. Mama alifungua mlango, bibi akaingia kwanza, akaenda moja kwa moja ng'ambo ya mstari, akajiteremsha kwa shida mpaka sakafuni. Aliweka unga. Alimimina pombe kidogo. Alisema maneno ya Kihehe, mengine niliyajua, mengine yalikuwa ya kale. Kisha akapapasa sakafu pembeni yake.

"Njoo, mjukuu. Kaa hapa."

Nilimtazama mama. Akaniitikia kwa kichwa. Nikaenda, nikakaa, nikafumba macho. Nikasubiri.

"Mbona unafumba?" bibi akauliza. "Fumbua. Yeye mwenyewe ni mtoto, hana neno."

Nikafumbua.

"Hapa palikuwa nje," alisema, akigonga saruji kwa kidole. "Chumba hii haikuwepo. Zahanati iliishia pale kwenye mawe. Nilimleta mwanangu na surua, alikuwa kama wewe hivi, kimo chako. Alikaa siku chache akanifia. Mvua ilikuwa inanyesha, mto umejaa, nani angembeba mpaka kwetu? Wakamzika hapa, nyuma ya jiko. Wakasema mvua ikiisha mje mmchukue, ama mje mmjengee mawe. Mvua ikaisha. Baba yake akaja na mawe yake. Akakuta wenzetu Waingereza wameshamwaga msingi, wanajenga mahakama."

"Mkawaambia?" niliuliza. Lilikuwa swali langu la kwanza kwa mkubwa yeyote juu ya jambo lile.

"Tumwambie nani? Mahakama ndo hiyohiyo." Akacheka kidogo bila kufurahi. "Mahakimu walitufukuza. Walinzi walitufukuza. Mama yako ndo wa kwanza kufungua mlango."

"Mimi sitambiki, bibi," mama alisema kutoka mlangoni, kwa haraka, kama mtu anayejibu baraza la wazee. "Nafungua mlango tu."

"Inatosha, mwanangu." Akanigeukia. "Kwetu sisi, mtoto haamkiwi na wazee. Anaamkiwa na watoto wenzie. Nilikuwa naleta wajukuu, sasa wote wako Dar, wamekua, wana mambo yao. Ndo maana nikakuomba kwa mama yako. Mwamkie tu, halafu uende ukale."

Akanitajia jina la mwanawe huyo wa kiume. Ni jina la ukoo wao, sitaliandika hapa.

Hofu ya mwaka mzima ilikuwa imenitoka ghafla hivi kwamba nilijisikia mwepesi na mjinga, na mahali pake pakaingia wasiwasi mwingine mdogo, wa adabu. Nimwamkieje? Alikuwa mtoto wa kimo changu. Lakini alizaliwa kabla ya mama yangu. Wote wawili waliningoja. Mwishowe niliinama pale kwenye saruji nyekundu nikasema kwa sauti ndogo, "Shikamoo, kaka."

Bibi alishika mdomo wake kwa kiganja. Kisha akautoa mkono akaitikia kwa niaba ya mwanawe. "Marahaba," alisema. "Marahaba, mdogo wangu."

Tulipotoka nje mama alinivalisha viatu kwenye ngazi. Hapo ndipo nilipofunguka. Nilisema yote kwa mkupuo: Mjerumani, dhahabu, hadithi ya baba, kidonda, maziwa, wenzangu waliokwenda, mimi niliyebaki. Alinisikiliza akiwa ameshika kikanda cha kiatu, hakifungi wala hakiachii. Nilipofika kwenye kigae na mguu wangu aliketi chini kwenye ngazi, gauni lake la kazini kwenye vumbi, na akaangalia lile kovu ambalo alikuwa amelipaka mafuta miezi yote hiyo.

"Yesu wangu," alisema. "Mage. Mwaka mzima?"

Nikaitikia kwa kichwa.

"Hakuna mtu niliyemtoa. Ulikuwa na kaka na dada. Walikufa wachanga, kabla yako. Mmoja homa, mmoja alizaliwa hana nguvu. Sikukwambia kwa sababu nilikuwa naogopa." Alilifunika kovu kwa kiganja. "Naogopa nikiwataja, nawe utawafuata walikokwenda. Nisamehe, mama'angu."

Mimi nilikuwa sijawahi kuombwa radhi na mtu mzima. Nilimwegemea tu. Mzee Salumu alikuwa anafungua duka lake ng'ambo ya barabara, akatupungia mkono, na mama akampungia naye huku machozi yanamtoka.

Jumapili, baada ya ibada, hatukurudi nyumbani kwa njia ya kawaida. Mama alinishika mkono tukapanda hadi makaburini Kihesa, mpaka mwisho kabisa, ambako nyasi zilikuwa ndefu na makaburi madogo hayana saruji. Alitafuta sana. Alipiga hatua mbele, akarudi, akaniacha nimesimama, akarudi tena. Niliona kwamba anaogopa asije akawa amewapoteza. Mwishowe aligundua mawe mawili yaliyokaribiana, akang'oa nyasi kwa mikono mpaka yakaonekana.

"Hawa hapa," alisema.

Nilijua la kufanya, nilikuwa nimeshafundishwa. Nikainama, nikakunja goti. Walikuwa wachanga, lakini walinitangulia. "Shikamooni," nikasema.

Nikamgeukia mama aitikie kwa niaba yao. Alifungua mdomo, sauti haikutoka. Akajaribu tena. Upepo ulikuwa unavuma kutoka milimani, na mimi niliona siwezi kuwaacha ndugu zangu wameamkiwa bila kuitikia.

Nikaitikia mwenyewe.